Binti wa ukulele hakupotea, amekua

Ndugu Mhariri,

Gazeti lako nalisoma tangu enzi za kulinunua kwa sarafu, na muda wote huo sijawahi kukuandikia. Mmekosea matokeo ya mpira, nimenyamaza. Mmepandisha bei, nimenyamaza. Mkaondoa ukurasa wa hadithi za watoto mkaweka matangazo ya kubashiri mechi, nikauma meno, nikanyamaza. Lakini ile taarifa ya ukurasa wa burudani kumhusu Grace VanderWaal, yule mwimbaji binti wa Kimarekani wa ukulele, kile chombo kidogo cha nyuzi nne, imenishinda.

Bila shaka unaikumbuka, maana mliipamba kwa picha mbili: moja akiwa mtoto, kakumbatia ukulele yake, nyingine akiwa msichana mzima kavaa nguo nyeusi, na katikati mkaweka alama ya kuuliza kubwa kama mwavuli. Mwandishi wako akauliza yuko wapi siku hizi, kisha akajijibu mwenyewe: nyota imezimika. Aliokota dola milioni moja kwa kupiga kigitaa cha kuchezea, na hazikumfikisha popote.

Nianze na hizo fedha. America's Got Talent, shindano la vipaji la televisheni ya Marekani alilolishinda, lina masharti, tena yanapita kwenye skrini mwishoni mwa kipindi kwa maandishi ya kumtafuta mtu na miwani. Milioni ile hulipwa kidogo kidogo kwa miaka 40. Asiyetaka kungoja anaweza kuchukua kwa mkupuo, lakini anapewa thamani yake ya siku ile tu, ambayo ni pungufu sana ya milioni. Gawanya mwenyewe: dola 25,000 kwa mwaka, na mkono wa kodi haujapita. Sisemi ni fedha ndogo, mimi ningezipokea hata leo jioni. Ila mwandishi wako kaandika kana kwamba mtoto alikabidhiwa gunia, akaenda kulimwaga baharini.

Tuje kwenye hilo la kutofika popote. Alishinda Septemba 2016, akiwa na miaka 12, kwa nyimbo alizotunga mwenyewe. Desemba mwaka uleule akatoa santuri fupi, Perfectly Imperfect, ikaingia kumi bora za Marekani. Mwaka uliofuata akatoa albamu kamili, Just the Beginning. Mwaka 2018 alikuwa akizunguka na bendi ya Imagine Dragons, akifungua maonyesho yao kwenye kumbi ambazo mtu wa jukwaa la nyuma anahitaji darubini, na mwaka huohuo kampuni ya magitaa ya Fender ikatengeneza ukulele zenye jina lake. Mwaka 2020 akawa mwigizaji mkuu wa filamu ya Disney, Stargirl, na 2022 ikaja ya pili. Mwaka 2024 akaonekana kwenye filamu ya Megalopolis ya mwongozaji Francis Ford Coppola, mzee yuleyule wa The Godfather, akiigiza msichana mwimbaji ambaye watu wazima wanamuuza kwa umma kama bikira mtakatifu, mpaka mambo yanapowaharibikia. Aprili 2025 akatoa albamu nyingine na kuipa jina Childstar, ambayo ndani yake anazungumza mwenyewe juu ya kilichompata alipogeuzwa nyota kabla hajamaliza shule ya msingi. Hayo yote, Mhariri, mwandishi wako angeyapata kwa simu yake ileile aliyoitumia kupakua zile picha mbili. Hakuyatafuta kwa sababu hakuhitaji. Alishaamua kwamba mtoto mzuri akiacha kuwa mtoto, habari yake imekwisha. Simon Cowell, mmoja wa majaji wa shindano lile, alimwambia mbele ya dunia nzima kwamba yeye ndiye Taylor Swift ajaye, na watu wa magazeti wamekaa wakingoja, wamekunja mikono, kama wenye hundi wanaodai benki. Hajawa Taylor Swift. Kawa Grace VanderWaal, kakua, sauti imeshuka, kakata nywele, kaandika nyimbo zenye hasira, na hilo ndilo mliloliita kuzimika!

Sasa kigitaa cha kuchezea. Mimi nimefundisha muziki, na bado nafundisha watoto wachache barazani kwangu hapa Tanga baada ya kustaafu, kwa hiyo nina haki ya kukereka. Mwaka 1879 meli iliyoitwa Ravenscrag ilitia nanga Honolulu, visiwani Hawaii, ikiwa na Wareno wa kisiwa cha Madeira waliokwenda kufanya kazi kwenye mashamba ya miwa. Miongoni mwao walikuwamo mafundi wa mbao watatu, nao walikuwa na machete, ambayo huko kwao si panga bali ni chombo kidogo cha nyuzi. Kutokana nacho wakaunda ukulele, mfalme Kalākaua wa Hawaii akaipenda, ikapigwa ikulu. Chombo cha ikulu, Mhariri. Ina nyuzi nne, na anayedhani ni gitaa lililonyolewa aishike kwanza: sol, do, mi, la, lakini ile sol, waya wa juu kabisa karibu na kidevu chako, haishuki chini kama besi ya gitaa, inapanda. Dole gumba la mpiga gitaa linakwenda kutafuta sauti nene, linakutana na sauti nyembamba, linapotea. Nimewaona wapiga gitaa wa bendi, watu wenye sifa zao, wakiirudisha ukulele mezani polepole na kuuliza chai iko wapi. Hata sisi watu wa pwani hatupaswi kufundishwa kwamba udogo wa chombo si uchache wa kazi. Gambusi, chombo chetu cha nyuzi, ni kubwa kiasi gani?

Wanafunzi wangu walimwona VanderWaal kwenye simu, wakataka kujaribu. Nyuzi zikikatika tunanunua mshipi wa nailoni kwa wauza vifaa vya uvuvi. Wa kuvulia samaki aina ya changu unafaa kwa waya wa la, ule mnene zaidi kwa do, na ukiuvuta kwa subira siku mbili tatu unatulia. Mmoja wao, binti wa jirani yangu, wakati huo akiwa darasa la sita, alitunga wimbo juu ya konda wa daladala ambaye akiona sare ya shule anaangalia angani kama anatafuta mvua. Ulikuwa na koda tatu, yaani mafungu matatu ya sauti zinazopigwa pamoja, na kiitikio cha kuchekesha, na kila mtu aliyewahi kuachwa kituoni na mkoba mgongoni angeuelewa. Nikampeleka kwenye shindano moja la vipaji, silitaji jina. Akapanda jukwaani na ukulele yake. Jaji mmoja akamwambia, weka hicho pembeni, tuimbie wimbo watu wanaoujua, muziki tunao kwenye laptop. Mtoto akajibu kwa heshima zote, "Shikamoo mwalimu, huu wimbo haupo huko, nimeutunga mimi." Ukumbi ukacheka. Hata mshereheshaji akacheka kwenye kipaza sauti. Basi akaimba wimbo wa mapenzi wa msanii mkubwa, maneno ya mtu mzima aliyeachwa na mkewe, akiwa amevaa soksi nyeupe za shule, na watu wakapiga makofi mpaka viti vikalia. Akapewa nafasi ya tatu na chupa ya chai. Chupa ya chai ipo kwao hadi leo, inafanya kazi vizuri. Wimbo wa konda hajauimba tena mbele ya watu. Na kuna kilichoniudhi kuliko vyote: baada ya muda, yuko sekondari, amerefuka, sauti imekuwa nzito na nzuri, mshereheshaji yuleyule akamwona kwenye harusi akiimba na kusema kwenye kipaza sauti kilekile, huyu alikuwa mtamu akiwa mdogo. Mtoto wa watu kasimama pale na sahani mkononi, hajui aitikie nini. Yule wa Marekani aliposema wimbo ni wake, walimwacha aimbe, akamaliza, na jaji Howie Mandel akabonyeza kitufe cha dhahabu cha kumvusha moja kwa moja. Hawakumwambia aweke chombo pembeni.

Mtasema hilo la pembeni halihusiani na gazeti. Linahusiana. Mnaochapisha picha ya mtoto na kuuliza yuko wapi ndio mnaowafundisha hawa washereheshaji wetu kwamba msanii mtoto ni biashara ya utamu, na utamu ukiisha, biashara imekufa. Hakuna siku nimeona mkiandika juu ya koda alizopiga, au ushairi wake, au hata kama nyuzi za chombo zilikuwa zimekazwa kwa sauti sawasawa.

Na kwa kuwa nimeshaigusa laptop, niimalize. Ukurasa uleule uliomzika VanderWaal ulikuwa na sifa tele za tamasha moja la hapa nchini, eti msanii aliutikisa uwanja. Nilikuwepo, nilipelekwa na wajukuu, tukalipa kiingilio ambacho sitakitaja kwa kuwa mke wangu anasoma gazeti hili. Msanii alikishusha kipaza sauti hadi kiunoni ili acheze, na sauti yake ikaendelea kuimba bila yeye. Akanywa maji, ikaimba. Akamwelekezea kipaza sauti dada mmoja wa mstari wa mbele, na yule dada akatoka na sauti ya msanii. Hakukuwa na ngoma, gitaa wala kinanda, ni kijana mmoja tu nyuma na kompyuta, anasogeza kichwa. Hilo mmeliita burudani ya moja kwa moja. Binti anayepanda jukwaani na nyuzi nne na kinywa chake, akikosea kila mtu anasikia, huyo ndiye mliyempa alama ya kuuliza. Na sauti zile za harusini, mtupie jicho siku moja. Spika zimeelekezwa kwa wazee, wazee wameziba masikio, bwana harusi anamwuliza bibi harusi kasema nini. Lakini hilo nitaliandikia barua nyingine.

Sikuandika ili kulalamika tu, nina pendekezo. Nunueni ukulele moja ya soprano, ile ndogo kabisa, iwekwe pale mapokezi karibu na kitabu cha wageni. Mwandishi yeyote anayetaka kuandika habari ya kumtafuta msanii aliyewahi kuwa mtoto, kwanza akaze nyuzi zitoe sauti zake: sol, do, mi, la, kwa sikio lake, bila programu ya simu. Kisha apige koda za do kubwa, fa kubwa na sol yenye saba, mara nne mfululizo, huku anaimba jambo alilolitunga mwenyewe, hata liwe juu ya foleni ya chooni hapo ofisini kwenu. Mhariri wa habari asimame mbele yake akimwambia, weka hicho pembeni. Akimaliza bila kulia, apewe nafasi ya ukurasa mzima. Asipomaliza, aandike bei ya vitunguu, nayo ni habari, tena tunaihitaji.

Kuhusu zawadi za mashindano, chapisheni na namna inavyolipwa, kwa herufi zilezile za kichwa cha habari. Mkiandika milioni kwa wino mwekundu, andikeni na miaka 40 kwa wino mwekundu.

Na VanderWaal mumrekebishie habari yake. Sitaki ule ubavu wa ukurasa wa pili mnaoweka masahihisho chini ya tangazo la vifo, namtaka palepale burudani, kwa picha moja tu, ya sasa, na orodha ya kazi alizofanya tangu 2016. Mkikosa nafasi, punguzeni ubashiri wa mechi. Jumamosi iliyopita mlibashiri sita, zikatoka mbili.

Mwalimu wa muziki mstaafu,
Chumbageni, Tanga.