Kuhusu skripti yako

Nakuru

Mpendwa Akinyi,

Salamu nyingi. Skripti uliyoitoa kwenye riwaya nimeisoma yote, na tatizo lake ni moja: wale wahusika wanne uliowaongeza wanamnyang'anya shujaa wako nafasi.

Kuongeza si kosa. Tazama The Hobbit, kitabu kimoja cha Tolkien cha 1937 kilichozaa filamu tatu, 2012 hadi 2014. Kitabuni shujaa Bilbo anasafiri na mbilikimo, na kila hatari huishia mahali pake: majitu, mazimwi ya pangoni, buibui. Msomaji wa sura moja kila usiku haoni taabu. Mtazamaji aliyekaa karibu saa tatu anataka adui mmoja wa kumhofia mwanzo hadi mwisho, ndipo mwongozaji Peter Jackson akamfufua Azog, mkuu wa mazimwi, ambaye kwa Tolkien alishauawa miaka mingi kabla ya safari. Hapo namwelewa.

Joka ndilo lililomshinda. Mpango ulikuwa filamu mbili. Ya tatu ilitangazwa Julai 2012. Ya pili ikakatwa Smaug, joka lenyewe, akiruka kwenda kuuchoma mji wa ziwani, na kilele ikabidi kitafutwe: mbilikimo wanakimbizana naye mlimani na kummwagia dhahabu iliyoyeyushwa. Kitabuni hawapigani naye kabisa. Bilbo ndiye anayeshuka peke yake kuzungumza naye. Kelele zote zile, na mwenye hadithi kawekwa kando!

Linganisha na Gandalf, mchawi mwema anayewasindikiza. Kitabu kinasema kwa ufupi tu kwamba alipotoweka alikwenda, pamoja na wenzake, kumfukuza mchawi mwovu msituni. Filamu inatuonyesha. Mbegu ilikuwamo.

Basi chukua kalamu. Kando ya kila onyesho jipya andika ukurasa wa riwaya yako lilikotoka. Lisilo na ukurasa litoe, usome upya. Uzi wa hadithi ukikatika, lirudishe. Yule mvuvi wa Dunga mbakize, riwaya inamgusa kwa sentensi moja. Dada wa mfalme na mpenzi wake askari waondoke: huyo ni Tauriel wako, yule mwanamke wa filamu za The Hobbit asiyekuwamo kitabuni. Ukurasa mmoja wa skripti ni takriban dakika moja, nawe una 148. Shuka hadi 110.

Zimwi la ziwani nalo lifiche. Mtumbwi ukiinama bila upepo na nyavu zikivutwa chini, tutaogopa vya kutosha, na gharama ni ndogo.

Nitumie kurasa 40 za kwanza ukishapunguza. Za mwisho usiziguse bado; mpenzi wa dada wa mfalme akitoka, vita vya daraja havina tena sababu.

Wako,
Chebet