Barua ya Kufunga Muhula wa Pili, na Kazi ya Likizo ya Waandishi wa Mwangwi

Kwa wazazi na walezi wote,

Assalaam aleikum, na salamu nyingi kwenu nyote.

Tunafunga muhula watoto wetu wakiwa salama, na kwa hilo tunamshukuru Mungu. Ripoti ya kila mwanafunzi imo ndani ya bahasha hii. Tafadhali isomeni pamoja naye kabla ya kuitia sahihi. Yale maoni ya walimu yaliyoandikwa kwa mkono yana uzito kuliko alama zilizo kando yake. Gredi ya 9 wana KJSEA, tathmini ya kitaifa ya kumaliza sekondari ya msingi, muhula ujao, kwa hivyo nao wasome likizoni, lakini walale pia. Mambo ya karo na sare nimeyaweka mwisho, maana kuna jambo la Gredi ya 7 ninalotaka mlielewe vizuri kabla mtoto hajafika nyumbani na kuanza kuwauliza maswali.

Mnakumbuka tuliwapeleka Gede muhula huu. Mji ule wa mawe karibu na Watamu ulihamwa na wenyewe karne ya 17, na mwaka 2024 UNESCO iliuingiza katika orodha ya Urithi wa Dunia. Watoto waliona kasri, misikiti, na lile kaburi lenye tarehe ya Hijria 802, yaani 1399. Kilichowakaa moyoni, hata hivyo, ni kisima. Mmoja wao aliinama akaita jina lake, na kilichomrudia ni silabi ya mwisho peke yake. Akaita tena. Wenzake wakamzunguka. Njia nzima ya kurudi Mombasa walikuwa wakibishana basini: sauti za wote waliowahi kuteka maji pale zimekwenda wapi?

Kutokana na ubishi huo wakatunga igizo katika somo la Sanaa Bunifu, lile mliloliona siku ya wazazi. Wamebuni kabila zima la watu waitwao Waandishi wa Mwangwi. Kazi yao ni kuingia magofuni na wino wa masizi na kalamu ya tete, kutega sikio ukutani, na kuandika sauti zilizobaki humo. Nguo zao zina madoa ya wino, nao huruhusiwa kusema baada ya kuandika, si kabla. Mwangwi hurudisha mkia wa neno tu, basi kichwa chake mwandishi lazima akakitafute kwa mtu aliye hai anayekijua. Asipompata, huacha nafasi tupu mbele ya ule mkia, na ni mwiko kuijaza kwa maneno ya kubuni. Mwiko huo hakuna mwalimu aliyewapa. Walikaa wenyewe wakakubaliana, na mimi nauona kuwa bora kuliko mengi tunayowafundisha kuhusu historia.

Mwalimu wao wa Kiswahili akawaeleza kwamba mji wetu umewahi kuwa na mtu wa kazi hiyo. Muyaka bin Haji, mshairi wa Mvita, yaani Mombasa, aliyewatungia Wamazrui, watawala wa mji, enzi za uhasama wao na Seyyid Said, Sultani wa Omani na Zanzibar, alifariki mwaka 1840. Mashairi yake yaliishi vinywani mwa watu. Miaka mingi baadaye Mwalimu Sikujua bin Abdallah al-Batawi, aliyeyakumbuka mengi, aliyaandika kwa hati za Kiarabu akishirikiana na mmisionari Mwingereza, W. E. Taylor. Mwalimu Sikujua naye akafariki mwaka 1890. Diwani yenyewe ilichapwa Johannesburg mwaka 1940, karne nzima baada ya Muyaka kuzikwa. Sehemu kubwa ya tunachokijua kuhusu Muyaka imepita katika kumbukumbu ya huyo mzee mmoja. Nilikuwa nimesimama mlangoni siku ya somo hilo, darasa lilinyamaza, kisha mmoja akauliza, "Na kama angekufa kabla?"

Walijaribu pia kuandika kwa hati hizo. Kiarabu kina alama tatu za irabu, sisi tuna tano, hivyo kuku na koko huweza kuandikwa sawasawa. Msomaji wa zamani ilimbidi awe ameshalisikia neno kutoka kwa mtu.

Sasa ombi langu. Likizo hii kila mwanafunzi wa Gredi ya 7 ataandika sauti za nyumbani kwenu kwenye daftari alilopewa. Hatutafuti habari za wafalme. Tunataka wimbo wa kubembeleza mtoto, vitendawili, mwito wa muuza samaki, nyimbo za harusini, majina ya pepo za baharini na ya sehemu za jahazi, maneno ambayo babu huyasema na baba hayasemi tena. Aandike kwa lugha ya nyumbani, iwe Kimvita, Kigiriama, Kidigo, Kikamba, Kijaluo au nyingine yoyote. Nawasihi sana msimsahihishe bibi. Akitamka neno kwa namna yake, liandikwe hivyo hivyo. Kiswahili sanifu tutakifundisha sisi huku shuleni.

Msichana mmoja ameshaanza. Ana wimbo wa kutwanga wa bibi yake, beti mbili kamili. Ubeti wa tatu una kituo tu, yaani mstari wa mwisho, na juu yake ameacha mistari mitatu mitupu. Pembeni ameandika: "Bibi amesahau. Nitamuuliza dada yake, yuko Malindi."

Mkitaka kurekodi kwa simu, rekodini, lakini daftari lijazwe pia. Simu hunasa kila kitu bila kuuliza, ilhali mtoto anayeandika hulazimika kusema, "Nyanya, hapo umesemaje?" Mazungumzo yenyewe huanzia hapo.

Mzee ana haki ya kukataa. Mambo ya urithi, ugomvi wa ndugu na siri za nyumba yasiandikwe, na mtoto aombe ruhusa kwanza, kwa adabu, wakati mzee amepumzika. Asiye na mzee karibu aende kwa jirani, mkiwa mmeridhia nyinyi.

Karo ya muhula wa tatu ilipwe kabla ya siku ya kufungua, ambayo imeandikwa kwenye ripoti. Mwenye uzito wa kulipa aje ofisini tuzungumze mapema. Sare iwe kamili, na viatu ni vyeusi.

Madaftari yatawekwa maktabani. Jazeni kipande kilicho hapa chini, mkirudishe siku ya kufungua.

Wenu katika malezi,
Mwalimu Mkuu

Mimi, mzazi/mlezi wa ........................ wa Gredi ya 7, naruhusu / siruhusu daftari lake lisomwe na wanafunzi wengine maktabani. Jina la mzee aliyehojiwa liandikwe / lisiandikwe. Sahihi: ........................