Wiki kumi hazitoshi, mama

Mwanangu Rehema,

Mkataba wako wa kuhariri filamu nimeusoma. Hongera sana, mama. Nilifurahi kuliko nilivyoonyesha kwenye simu. Lakini hizo wiki kumi walizokupa zimeninyima usingizi. Saa 200 za picha zitoke filamu ya dakika 90! Piga hesabu: ukitazama saa 8 kila siku, siku 25 za kazi zimekwisha kabla hujakata hata fremu moja. Nusu ya mkataba imeondoka. Na filamu ya watu halisi haiji na hadithi iliyokwisha kuandikwa, unaitafuta humo humo kwenye picha. Najua unayajua haya. Ndiyo maana sielewi ulitiaje saini bila kuuliza.

Ninachoogopa ni pale muda utakapokubana, halafu mtayarishaji aseme, “Unga tu, nani atajua?” Redioni tulikata utepe kwa wembe. Mtu amesema “labda alikuwepo”. “Labda” ikaanguka sakafuni, na msikilizaji asisikie mshono. Mkono wangu ulikuwa mwepesi, wakubwa wakanisifu. Kile kipindi unachokijua tusikirudie.

Kwenu ni rahisi zaidi. Unaunga sentensi ya asubuhi na ya jioni, juu yake unalaza picha ya mikono ya msemaji, na jicho halioni mruko. Kufupisha sikukatazi, mtu akirudia jambo mara nne, chukua moja. Ila usimwekee kwenye swali hili jibu alilolitoa kwa swali jingine. Hata kimya usikichezee: ukikirefusha kabla hajajibu, umeshamfanya aonekane anaficha kitu. Ni wewe uliyenieleza habari za Kuleshov, yule mwongozaji filamu wa Urusi, jinsi uso uleule ukifuatwa na supu husomeka njaa, ukifuatwa na jeneza husomeka huzuni. Yule mwenye uso alikuwa mwigizaji, mama. Hawa wako wana majirani.

Basi omba muda sasa, usingoje wiki ya nane. Andika, usipige simu. Wakikataa, omba msaidizi wa kupanga klipu, na mahojiano yote yaandikwe neno kwa neno, ili kila unapokata uone mtu alikuwa akielekea wapi. Wakikataa na hilo, nitashangaa ukibaki, ingawa mama yako anasema nisikuingilie. Nakala za picha ziwe tatu, moja ikae jengo jingine. Na usimame kila saa. Ule mgongo ni wa kwangu, naujua.

Mdogo wako ameshahamia kwenye meza yako. Spika zako nimeziweka juu ya kabati, asiziguse. Koti zito mama yako ameliweka chini kabisa ya sanduku, kwa hiyo usinunue jingine. Ile kompyuta ya zamani naye anaitaka, nami nimemkatalia kwa sababu sijui kama bado ina mahojiano ya watu ndani. Pita Ijumaa uifungue mwenyewe, nitakuwepo.

Baba yako