Barua kwa Mwanangu Kabla ya Tenisi ya Kulipwa

Binti yangu mpendwa,

Juzi tulipokuwa tukirudi kutoka mazoezini uliniuliza kama ninaamini kwamba unaweza kuwa mchezaji wa tenisi wa kulipwa, nami nikanyamaza. Ukageukia dirisha, nikaona kwamba umeuchukua ukimya wangu kuwa ndilo jibu. Haukuwa jibu. Neno lolote ambalo ningelitamka pale, liwe la kukutia moyo au la kukuzuia, lingekuwa jepesi kuliko jambo lenyewe, na wewe umeshatimiza miaka 16, umri ambao mtu anastahili kujibiwa kwa ukamilifu. Kwa hiyo nimeona nikuandikie.

Kazi hii unaijua zaidi kwa upande wake unaoonyeshwa kwenye televisheni: uwanja wa katikati uliojaa watazamaji, nguo za wadhamini, na kombe linaloinuliwa mwishoni. Wanawake wengi wanaoishi kwa raketi hawaifanyi kazi yao hapo. Ngazi ya chini ni mashindano ya Shirikisho la Tenisi la Kimataifa, ambayo huitwa kwa idadi ya pointi anazopata bingwa. W15 ni mashindano yenye zawadi za dola 15,000 kwa jumla, fedha ambazo hugawanywa miongoni mwa wachezaji, kwa hiyo hata bingwa wake huondoka na sehemu tu ya kiasi hicho. Juu yake zipo W35, W50, W75 na W100, kisha huanza mashindano ya Chama cha Tenisi cha Wanawake, WTA, kutoka 125 na 250 hadi 500 na 1000, na kileleni yapo yale manne makubwa yaitwayo Grand Slam, ya Melbourne, Paris, Wimbledon na New York. Katika ngazi za chini msichana anaweza kucheza mechi kubwa kuliko zote za maisha yake mbele ya watu ambao angeweza kuwahesabu kwa vidole, halafu jioni ile ile afue nguo zake mwenyewe na kutafuta usafiri wa kwenda kwenye mashindano ya wiki inayofuata. Sisemi haya kwa kudharau. Nakueleza kwa sababu huko ndiko utakakoanzia, na miaka utakayoishi huko ni miaka ya kazi yenyewe, haitakuwa chumba cha kusubiria.

Kinachokuvusha kutoka ngazi moja hadi nyingine ni pointi, na pointi zina tabia ambayo nataka uielewe vizuri kabla hujaanza kuzihesabu: hudumu kwa wiki 52 tu. Bingwa wa Grand Slam hupata pointi 2,000, na mwaka ukizunguka pointi zile huondolewa, asipozipata upya hushuka. Emma Raducanu alipoingia mashindano ya wazi ya Marekani mwaka 2021 alikuwa na miaka 18 na alianzia katika mechi za kufuzu. Alicheza mechi 10, tatu za kufuzu na saba za droo kuu, yaani mashindano yenyewe, akalitwaa kombe bila kupoteza seti hata moja. Mwaka uliofuata alitolewa katika raundi ya kwanza pale pale New York, akaporomoka kutoka nafasi ya 11 hadi ya 83 katika orodha ya ubora ya dunia. Hakuwa amesahau kucheza. Orodha ilikuwa inafanya kazi yake, na orodha hii haimhifadhii mtu kumbukumbu zake. Ndiyo maana nimekuwa nikikuomba usijipime kwa namba hiyo kila Jumatatu inapotoka, ingawa najua kwamba itakupasa kuifuata, kwa kuwa ndiyo inayofungua milango. Droo kuu ya Grand Slam ina wachezaji 128, na kati yao 104 huingia moja kwa moja kwa nafasi zao katika orodha, 16 hutoka katika mechi za kufuzu, na wanane hupewa mwaliko maalumu. Kwa hiyo mchezaji aliye karibu na nafasi ya 100 na yule aliye karibu na ya 150 wanaweza kuwa na uwezo unaokaribiana sana, lakini maisha yao hayafanani hata kidogo.

Sasa nije kwenye jambo ambalo ndilo hasa lililonifanya ninyamaze. Katika wale 128, mmoja tu ndiye asiyeshindwa. Wengine 127 wote huondoka wakiwa wamepoteza mechi yao ya mwisho, na juma baada ya juma, katika kila mashindano ya mchezaji mmoja mmoja, hesabu ni ile ile. Tuna msemo kwamba asiyekubali kushindwa si mshindani, nasi tumezoea kuutumia kumfariji mtu aliyekwisha kupoteza. Katika tenisi msemo huo ni maelezo ya kazi, kama vile fundi anavyoelezwa zana zake siku ya kwanza. Hata mchezaji bora duniani mara nyingi huwa na wiki nyingi za kushindwa kuliko za kubeba kombe. Mechi ya kwanza ya Serena Williams katika tenisi ya kulipwa, mwaka 1995 akiwa na miaka 14, ilikuwa ya kufuzu, naye alifungwa 6-1, 6-1. Tunachokumbuka leo ni mataji yake 23 ya Grand Slam.

Hata hivyo, mchezaji ninayemfikiria zaidi ninapokutazama ni Amanda Anisimova. Mwaka 2019, akiwa na miaka 17, alifika nusu fainali ya Paris, na watu wakaanza kumpangia maisha. Mwaka 2023 alisema wazi kwamba amechoka moyoni na akaliweka raketi chini kwa miezi kadhaa. Aliporudi hakuna aliyemtandikia zulia: mwaka 2024 alilazimika kucheza mechi za kufuzu za Wimbledon, na hakufuzu. Mwaka mmoja baadaye, Julai 2025, alikuwa uwanjani katika fainali ya Wimbledon hiyo hiyo, akamfunga Aryna Sabalenka njiani, kisha akapigwa na Iga Swiatek 6-0, 6-0 mbele ya macho ya dunia nzima. Niliitazama mechi ile nikiwa nimesimama, kwa sababu sikuweza kukaa. Nilikuwa namwona binti wa mtu. Haikupita miezi miwili wakakutana tena katika robo fainali ya New York, na Anisimova akashinda kwa seti mbili, akaendelea hadi fainali. Sikuambii kwamba kila kipigo hulipwa namna hiyo, maana vingi havilipwi kamwe. Ninachokitaka ni utazame zile wiki za katikati, kati ya Wimbledon na New York, ambazo dunia haikuzitazama sana, na ujiulize kama ungeweza kuziishi, kuamka asubuhi na kwenda kupiga mipira ile ile. Mimi naamini unaweza. Nimekuona ukifanya hivyo mara nyingi, kwa kiwango chako, hata pale ambapo mimi mwenyewe nilikuongezea mzigo.

Hapo nina deni kwako. Unalikumbuka lile daftari nililokuwa nikiandika makosa yako, mipira uliyopoteza wakati wa kuanzisha, pointi ulizoziachia ukiwa mbele, nikikusomea njiani kabla hujakunywa hata maji. Nilijiambia kwamba ninakusaidia. Nilikuwa nakuharakisha, na nilikuharakisha kwa sababu niliogopa kwamba muda unakupita ukiwa na miaka 13. Naomba unisamehe. Makosa ya aina hiyo, yakifanywa na wazazi, makocha na wadhamini kwa pamoja, yameshawaumiza wasichana wenye vipaji kuliko wote. Tracy Austin alishinda taji la Marekani mwaka 1979 akiwa na miaka 16, akalitwaa tena mwaka 1981, lakini majeraha yalimvunjia safari akiwa bado kijana kabisa. Jennifer Capriati aliingia tenisi ya kulipwa mwezi Machi 1990 kabla hajatimiza miaka 14, mwaka huo huo akafika nusu fainali ya Paris, na mwaka 1992 akatwaa dhahabu ya Olimpiki huko Barcelona kwa kumshinda Steffi Graf. Mwishoni mwa mwaka 1993 alikuwa ameuacha mchezo. Alirudi, na mwaka 2001 alishinda Melbourne na Paris na kuwa namba moja duniani, lakini miaka ile ya katikati hakuna aliyeweza kumrudishia.

Kutokana na visa vya namna hiyo WTA iliweka utaratibu wa umri ulioanza kutumika mwaka 1995, ambao humzuia aliye chini ya miaka 14 kucheza tenisi ya kulipwa, na kisha huweka kikomo cha mashindano anayoweza kuingia kila mwaka hadi atakapotimiza miaka 18. Najua unauona kama kizuizi. Mimi nauona kama mzazi wa pili aliyewekwa pale kwa ajili ya siku ambazo mzazi wa kwanza amepofushwa na tamaa, na nakuomba usiutafutie njia ya kuukwepa.

Kuhusu fedha nitasema kwa ufupi, kwa sababu tutakaa na kupiga hesabu pamoja. Mchezaji wa tenisi hana mshahara. Safari, malazi, kocha, tiba ya misuli, nyuzi za raketi, vyote hutoka mfukoni mwake, na wiki anayoumwa ni wiki asiyoingiza kitu. Mchezo wa wawili wawili husaidia, nao ni shule nzuri ya kucheza karibu na wavu. Martina Navratilova alishinda humo mataji 31 ya Grand Slam pamoja na yake 18 ya mchezaji mmoja mmoja. Kumbuka pia kwamba fedha utakazozipata, hata zikiwa kidogo, ziliwahi kupiganiwa. Mwaka 1970 wanawake tisa, Billie Jean King akiwa mmoja wao, walitia saini mikataba ya dola moja moja huko Houston ili waanzishe mashindano yao wenyewe. WTA ilizaliwa London mwaka 1973, na mwaka huo huo mashindano ya wazi ya Marekani yakaanza kuwalipa wanawake na wanaume zawadi sawa. Wimbledon ilifika hapo mwaka 2007, baada ya miaka 34.

Lipo jambo moja katika habari za fedha ambalo siwezi kulipitia haraka. Katika mashindano madogo, ambako mtu anaweza kushinda mechi na bado asirudishe gharama zake, huja watu wenye maneno laini. Mmoja wao anaweza kukuomba upoteze seti moja tu, au gemu moja, katika mechi ambayo utaishinda hata hivyo, na fedha atakazokutajia zitazidi zawadi ya bingwa. Wachezaji wamefungiwa maisha kwa ajili hiyo. Siku hiyo ikifika utoe taarifa kwa Wakala wa Kimataifa wa Uadilifu wa Tenisi, kisha unipigie simu, hata kama ni usiku wa manane. Kadhalika utapokea matusi kwenye simu yako kutoka kwa watu waliopoteza dau zao kwa sababu yako. Usiyasome. Tafuta mtu mwingine wa kukusimamia kurasa zako tangu mwanzo.

Umeniambia kwamba unataka kuacha shule mwaka huu. Hapo tu ndipo ninaposema hapana, na ninasema nikiwa na mfano. Danielle Collins wa Marekani alicheza tenisi ya vyuo vikuu, akawa bingwa wa mchezaji mmoja mmoja mwaka 2014 na tena mwaka 2016, akamaliza masomo yake ndipo akaingia tenisi ya kulipwa kikamilifu. Mwaka 2022 alikuwa katika fainali ya Melbourne. Madison Keys, aliyeanza mapema sana, alipoteza fainali ya New York mwaka 2017 na kusubiri hadi mwaka 2025, akikaribia kutimiza miaka 30, ndipo akapata taji lake la kwanza kubwa. Njia zao ni tofauti kabisa, na hakuna kati yao aliyechelewa.

Basi jibu langu ni hili: ndiyo, naamini unaweza kuwa mchezaji wa kulipwa. Kama utafika uwanja wa katikati sijui, na sitakuuliza. Nitakaa jukwaani nikiwa sina daftari, na njiani tutazungumza habari za mechi pale tu utakapozianza wewe.

Fomu ya usajili ya Shirikisho iko mezani kwako, chini ya kitabu chako cha hisabati. Sehemu ya mzazi nimeshaitia saini. Nafasi ya tarehe nimeiacha wazi, uijaze mwenyewe siku utakayoona imefika.

Akupendaye,
Baba yako