Barua ya wazi kwa makipa vijana: msimjue Jack Kelsey kwa bao la Pelé tu

Wajukuu zangu mnaosimama langoni,

Nawasalimu nyote, wa klabu kubwa na wa viwanja vya vumbi. Nawaandikia kwa sababu kuna jambo linaniuma. Kipa akifungwa bao la kizembe Jumapili, kabla magharibi haijaingia video yake imeshazunguka simu za mtaa mzima. Jumatatu kijana haonekani mazoezini, na wengine wanatundika glovu moja kwa moja hata miaka ishirini hawajafika. Nisingependa hata mmoja wenu aache kudaka kwa sababu ya kicheko cha watu ambao hawajawahi kusimama peke yao mbele ya nyavu.

Basi nisikilizeni niwape habari za Jack Kelsey wa Wales. Wachache wanaomkumbuka wanamkumbuka kwa jambo moja: ndiye aliyefungwa na Pelé bao lake la kwanza la Kombe la Dunia. Mambo mengine yote aliyoyafanya yamefunikwa na bao hilo, na huko ni kumdhulumu.

Kelsey alizaliwa mwaka 1929 Llansamlet, karibu na Swansea, kwenye nchi ya migodi ya makaa na viwanda vya chuma. Arsenal walimchukua mwaka 1949 kutoka timu ndogo ya huko kwao. Mechi yake ya kwanza ya ligi aliicheza tarehe 24 Februari 1951 pale Highbury, uwanja wa Arsenal wa siku zile, dhidi ya Charlton Athletic, na Arsenal walichapwa 5-2 mbele ya mashabiki wao wenyewe. Hebu jiwekeni mahali pake: umesubiri karibu miaka miwili upewe nafasi, na siku unayoipata unaokota mpira nyavuni mara tano.

Akarudi nyuma ya George Swindin, kipa mkongwe wa klabu, akaendelea kusubiri. Msimu wa 1952/53 akaanza kupangwa mara kwa mara, na katika mechi 42 za ligi alidaka 25. Arsenal na Preston North End walimaliza wote na pointi 54. Siku zile timu zilizolingana zilitenganishwa kwa kugawanya mabao ya kufunga kwa mabao ya kufungwa. Arsenal walikuwa na 97 kwa 64, Preston 85 kwa 60, na ubingwa ukaenda Highbury. Chukueni kalamu mpige hesabu wenyewe: Arsenal wangefungwa mabao matano zaidi katika msimu mzima, kombe lingekwenda Preston. Idadi ni ile ile aliyofungwa Kelsey siku ya kwanza! Kila mchomo aliouzuia msimu ule ulikuwa na uzito wake, ingawa hakuna aliyekuwa akizihesabu hesabu hizo pale uwanjani.

Hapo nina neno kwa ninyi mnaokaa benchi mkinuniana na kipa namba moja. Kelsey alimrithi Swindin langoni, Swindin akaenda zake Peterborough. Mwaka 1958 Swindin huyo huyo alirudi Arsenal akiwa kocha, na Kelsey akawa chini yake. Muwe na adabu kwa mnayemngoja na kwa anayewangoja.

Na msidhani kazi ilikuwa nyepesi. Mpira wa ngozi ukinyeshewa ulikuwa mzito kweli kweli. Mchezaji wa akiba hakuwepo kwenye ligi, hivyo ukiumia unavumilia au timu inabaki pungufu. Sheria ilimruhusu straika kumpiga kipa kikumbo cha bega hata kama ameushika mpira. Katika fainali ya Kombe la FA ya Mei 1958, Nat Lofthouse wa Bolton alimkumba Harry Gregg wa Manchester United mpaka akaingia golini pamoja na mpira, na mwamuzi akalikubali bao. Kelsey alidaka miaka yote hiyo katika hali hiyo. Kuhusu mikono yake, alisema alikuwa akiisugua na jojo ili mpira ushike. Sijui kama makocha wenu wa leo wangewaruhusu!

Sasa njoni kwenye wiki moja ya Februari 1958, maana hii ndiyo ninayotaka muishike. Jumamosi tarehe 1, Manchester United walikuja Highbury wakashinda 5-4. Watu wanaisimulia mpaka leo, kwa kuwa ndiyo mechi ya mwisho ya kikosi kile cha vijana kwenye ardhi ya Uingereza kabla ya ajali ya ndege ya Munich, iliyoua wachezaji wao kadhaa siku tano baadaye. Kipa aliyefungwa matano ni Kelsey. Jumatano tarehe 5 yuko Cardiff, langoni mwa Wales, katika mechi ya marudiano na Israel ya kutafuta nafasi ya kwenda Kombe la Dunia kule Sweden. Wales walipata mlango huo baada ya nchi kadhaa kukataa kucheza na Israel, Sudan ikiwa mojawapo, ikabidi itafutiwe mpinzani mwingine. Wales walishinda 2-0 kama walivyoshinda Tel Aviv. Matano Jumamosi, sifuri Jumatano. Angejifungia ndani siku zile nne akiogopa macho ya watu, nani angesimama pale Cardiff?

Huko Sweden walitoka sare 1-1 na Hungary, 1-1 na Mexico, na 0-0 na wenyeji wenyewe. Tarehe 17 Juni wakarudiana na Hungary kwenye mechi ya mchujo, wakashinda 2-1. Siku mbili tu baadaye, Gothenburg, wakakutana na Brazil kwenye robo fainali, tena bila John Charles, nguzo yao, aliyeumizwa na mabeki wa Hungary. Garrincha, Didi, Zagallo na Pelé wa miaka 17 waliliandama lango la Kelsey, naye akazuia kwa zaidi ya saa nzima. Dakika ya 66 Pelé akageuka na mpira ndani ya boksi, akapiga, mpira ukamgusa beki Stuart Williams ukaingia. Ikaisha 1-0.

Tazameni Brazil hao walifanya nini baadaye. Nusu fainali waliipiga Ufaransa 5-2. Fainali wakaipiga Sweden 5-2. Kelsey walimpata mara moja, na mara hiyo mpira ulibadilishwa njia na mguu wa mtu wake. Katika mechi tano za mashindano yale alifungwa mabao manne tu. Mimi namhesabu miongoni mwa makipa bora wa mwaka ule, na anayenibishia aniletee hesabu. Wales hawakuliona tena Kombe la Dunia mpaka 2022.

Mwisho wake ulikuja ghafla. Mei 1962, São Paulo, Wales wakicheza tena na Brazil, aligongana na mshambuliaji Vavá akaumia mgongo. Alikuwa na miaka 32, amedakia Wales mara 41 na Arsenal mechi 352, na hakurudi tena langoni. Na pesa za kuishi nazo uzeeni zisingekuwepo, maana mpaka Januari 1961 mchezaji wa ligi ya Uingereza alizuiwa kulipwa zaidi ya pauni 20 kwa wiki.

Alichofanya ni kushika kazi nyingine pale pale klabuni, kwenye bahati nasibu ya klabu, kisha duka, kisha ofisi ya biashara, mpaka alipostaafu mwaka 1989. Alifariki 1992. Kwa hiyo ninyi mnaoacha shule au ufundi kwa sababu mmeitwa kwenye timu, nendeni mkaongee na wazazi wenu na makocha wenu wiki hii, mpange saa za kujifunza kazi pembeni ya saa za mazoezi. Na yule aliyefungwa Jumapili iliyopita, kesho asubuhi afike uwanjani mapema kuliko wenzake, amwombe kocha ampigie krosi.

Ni mimi babu yenu, kipa wa zamani.