Mtoto wa Mtu wa Posta

Saint-Denis, Ufaransa, 9 Februari

Mjomba, shikamoo.

Barua hii nimeiandika kwa mkono na nitaibandika stempu, maana ulilalamika kwamba tangu ustaafu posta hupati bahasha yenye mwandiko wa mtu. Ikichelewa, wa kuulizwa ni wenzako.

Siku ile kwenye simu uliniuliza swali nikasingizia mtandao unakatika. Mtandao ulikuwa mzima. Uliuliza, "Hiyo sosholojia, mjomba, mtu akishaisoma anakuwa nani?" Ngoja nikujibu kwa kupitia mtu mmoja ambaye baba yake alikuwa wa kazi yako.

Anaitwa Pierre Bourdieu, mwanasosholojia, yaani mchunguzi wa jinsi watu wanavyoishi katika jamii. Alizaliwa 1930 Denguin, kijiji cha kusini-magharibi mwa Ufaransa karibu na milima ya Pyrenees, ambako wazee walikuwa na lugha yao na Kifaransa kilikuwa cha shule na serikali. Babu yake alilima shamba la watu kwa kugawana mavuno. Baba yake akatoka shambani akaingia posta. Mtoto akapelekwa bweni mjini Pau, kisha Paris, mpaka École normale supérieure, shule ambayo mtu akitaja kuwa amepita hapo, wenzake wanakaa vizuri kwenye viti. Akajikuta na lafudhi ya kijijini katikati ya vijana waliozaliwa kwenye nyumba zenye maktaba. Lafudhi ilimtoka. Swali halikumtoka.

Mwaka 1964 yeye na mwenzake Jean-Claude Passeron walitoa kitabu kiitwacho Les Héritiers, yaani Warithi. Walisema shule inadai kupima akili, kumbe kwa sehemu kubwa inapima yale mtoto aliyoyakuta nyumbani: namna ya kuzungumza, vitabu, kutomwogopa mwalimu. Aliyerithi anaitwa mwenye kipaji. Asiyerithi anaambiwa hana akili, na ubaya ni kwamba mwenyewe anakubali. Urithi huo Bourdieu aliuita mtaji wa kitamaduni: unapokezanwa kama shamba na unageuzwa kuwa fedha, ila hauna hati wala hautozwi kodi.

Hapo nilikukumbuka wewe na gazeti lako. Ulinisomesha vichwa vya habari barazani kabla sijaanza darasa la kwanza, na nilipoanza, mwalimu akasema huyu ana akili. Yule mtoto wa jirani aliyekuwa akinifunga bao kila jioni alikaa dawati la nyuma, akaacha shule darasa la tano. Tukasema hana kichwa. Sasa zile kete alikuwa akizihesabu kwa kichwa gani?

Nikupe na kisa changu. Mwezi wa kumi na moja mwenzangu wa darasani alinialika chakula kwao. Mwishoni likaletwa sinia la jibini. Kulikuwa na kipande kimoja laini, cha pembetatu, na ncha yake ilikuwa upande wangu, nami nikaikata ile ncha nikaweka kwenye mkate. Meza ikanyamaza kidogo. Mama mwenye nyumba akasema si neno, kwa sauti ile inayokujulisha kwamba ni neno. Kumbe jibini hilo hukatwa kwa ubavu, kutoka nchani kwenda kwenye ganda, ili kila mtu apate ncha kidogo na ganda kidogo. Anayekata ncha amekula sehemu tamu ya wote. Hakuna darasa linalofundisha hivyo. Nilijiona mshamba mpaka nilipofika kitandani, ndipo nikafikiria mgeni akae kwenye sinia letu la wali. Atajuaje kwamba unakula mbele yako, na nyama ya katikati haiguswi mpaka mkubwa aigawe? Mimi sikumbuki nani alinifundisha. Mkono unajua wenyewe.

Huo mkono unaojua wenyewe Bourdieu aliuita habitusi. Ni maisha yaliyokwisha kuzama mwilini, katika mwendo, katika ulimi, hata katika kupenda na kuchukia. Kwenye kitabu chake cha 1979, La Distinction, watu walionyeshwa picha ya mikono ya bibi mzee iliyopindwa na kazi. Vibarua walimhurumia bibi. Wenye vyeo walianza kutaja michoro ya Van Gogh. Picha ni ile ile.

Lakini kazi yake ninayoipenda zaidi ni ndogo na ya mapema. Alirudi kwao akaandika juu ya dansi la Krismasi kijijini. Vijana wa mjini wanacheza na wasichana katikati ya ukumbi, na pembeni, karibu na giza, wamesimama wanaume wa miaka thelathini na zaidi, kofia zao bado kichwani. Hawachezi. Wanasogea hatua moja mbele, wanarudi. Hao ndio warithi wa mashamba, wale ambao zamani kila mama alimtakia binti yake. Sasa wasichana wamekwenda mjini na kurudi na macho ya mjini, na wanaona mwendo mzito wa mtu wa shamba. Kila mmoja pale ukutani anadhani ana mkosi wake mwenyewe. Makala hiyo ilitoka 1962, na waliosimama pale aliwajua tangu utotoni.

Sikufichi, kumsoma ni kazi. Sentensi yake moja inaweza kuondoka Tanga ikafika Korogwe haijapumua. Na wapo waliogombana naye. Mwanafalsafa Jacques Rancière alimlaumu kwamba maskini wake hawaruhusiwi kufikiri lolote nje ya umaskini wao; mwanasosholojia Bernard Lahire alisema mtu mmoja hubeba tabia nyingi, si moja. Mimi nami hunijia kuuliza, kama sote tumefungwa, yeye alitokaje? Ajabu ni kwamba hata wanaompinga wanagombana kwa maneno yake. Alifariki Januari 2002, lakini hakuna semina niliyohudhuria hapa ambapo mtu hakuuliza, "Na Bourdieu angesemaje?" Mwaka 1997 wanasosholojia wa chama chao cha kimataifa waliombwa kutaja vitabu vikubwa vya karne, na La Distinction kikawa cha sita. Siku nikiwa na nafasi huenda Collège de France, chuo cha Paris alikofundisha kwa miaka 20 tangu 1981. Mihadhara ni bure, hawaulizi ada wala kitambulisho. Nakaa nyuma, kwa mazoea.

Kuna jambo moja limebaki, na ndilo lililonishikisha kalamu.

Bourdieu alipelekwa Aljeria 1955 kama askari wa lazima, vita vikiwa vimeanza, akabaki huko kufundisha mpaka 1960. Miongoni mwa wanafunzi wake alikuwemo Mkabilia mmoja (Wakabilia ni Waberberi wa milimani kule), Abdelmalek Sayad. Pamoja waliandika juu ya wakulima ambao jeshi liliwang'oa vijijini na kuwapanga kambini, zaidi ya milioni mbili. (Utakumbuka Operesheni Vijiji, watu wetu walipohamishiwa vijiji vya ujamaa; sisemi ni sawa, kule kulikuwa na vita.) Sayad naye akahamia Ufaransa, akatumia maisha yake kuwasikiliza Waaljeria wa huku. Mwaka 1975, katika jarida aliloanzisha Bourdieu, aliandika makala kuhusu elghorba, ugeni. Alionyesha jinsi mhamiaji anavyorudi likizo na suti na zawadi, akanyamaza juu ya chumba anacholala na kazi anayofanya. Vijana wanaona suti, wanafunga safari, wakifika wanaukuta ukweli, na wao wanarudi likizo na suti. Kitabu chake kilichotoka 1999, baada ya kufa, kinaitwa La Double Absence. Kutokuwepo mara mbili: kwenu haupo, na ulipo haupo. Nilishtuka, maana sisi tunasema ughaibuni, na ghaibu si ndiyo huko kutokuwepo?

Kwa hiyo, mjomba: mimi usiku naosha masufuria kwenye mgahawa, kuanzia saa moja mpaka saa sita, siku nne kwa wiki. Chumba tunakaa wawili. Mama anajua nusu yake. Nasikia kijana wa shangazi anataka kuuza kiwanja aje huku. Msomee ukurasa huu kwanza, halafu akiuza, auze akijua.

Na ile picha yangu uliyoitundika sebuleni, niliyovaa koti refu jeusi, ukipenda iache. Koti ni la Msenegali ninayekaa naye. Alikuwa anachelewa kazini, ndiyo maana unaniona nacheka huku nimeshaanza kufungua vifungo.

Nisalimie wote nyumbani.

Mpwa wako