Kamera mkononi, mkasi mkononi

Helsinki, Januari

Kwako mdogo wangu Mwanaidi,

Salamu sana, na shikamoo zangu zimfikie mama na bibi. Umeuliza vijana wa Finland hujionyesha vipi katika filamu za hali halisi, maana kikundi chenu hapo Tanga kinataka kujaribu.

Anza na Reindeerspotting ya mwaka 2010. Joonas Neuvonen aliwarekodi rafiki zake wa Rovaniemi waliozama kwenye dawa za kulevya. Alikuwa mwenzao, kwa hiyo kamera haikuwa mgeni chumbani. Hobbyhorse Revolution ya Selma Vilhunen (2017) ni ya wasichana wanaoruka viunzi na farasi wa fimbo, yaani kichwa cha farasi wa kuchezea kilichowekwa juu ya fimbo. Mchezo huo wengi huucheka, filamu haiucheki. Lakini zote mbili zina mwongozaji, na wanaoonekana si yeye. Ndiyo maana kumpa kijana simu ajirekodi ni sehemu ndogo. Kazi ipo kwenye kuhariri, ambako huamuliwa kipi kibaki na kipi kitoke.

Simu kwanza. Wekeni fremu (picha) 25 kwa sekunde, na shata, yaani muda ambao kila picha hupokea mwanga, iwe 1/50 ya sekunde. Umeme wa kwenu ni wa hezi 50 kama wa huku, na mkikosea hapo baadhi ya taa zitapepesa kwenye picha. Simu nyingi hubadilisha idadi ya fremu zenyewe, na kwenye klipu ndefu sauti huachana na midomo. Geuzeni faili ziwe na idadi ya fremu isiyobadilika kabla ya kuhariri.

Kamera ya mbele ina mtego wake: kijana hujitazama kwenye kioo cha simu badala ya lenzi, macho yakaonekana yanakwepa. Bandika karatasi juu ya kioo, lenzi ibaki wazi. Dakika za mwanzo atajitangaza tu. Mwache aishiwe, msizime.

Huku simu ikitoka kwenye nyuzi −20 na kuingia ndani, lenzi hushika ukungu, hivyo hufungwa kwenye mfuko wa plastiki kabla ya kuvuka mlango. Nanyi mtauona ukungu huo mkitoka kwenye chumba cha AC.

Sasa meza ya kuhariri. Kila tukio liandikwe kwenye kikaratasi, vijana wavipange sakafuni kabla kompyuta haijawashwa. Kijana akisema kipande chake kitoke, kitoke, bila kuulizwa sababu. Wekeni tu tarehe ya mwisho ya kusema. Idhini iwe mara mbili: kabla ya kurekodi, na baada ya kuitazama filamu nzima. Aliye chini ya miaka 18, mzazi naye asaini. Sahihi ya mwanzo peke yake ndiyo inayoleta ugomvi: mtoto wa miaka 15 hajui atakachokionea haya akifika 17, na kilichokwisha kuingia intaneti hakirudi.

Redio izimwe mnaporekodi. Wimbo wa mtu ukisikika nyuma ya maneno, tamasha la filamu litadai kibali chake.

Nitumie kwanza dakika kumi ambazo hazijakatwa, nisikilize sauti.

Dada yako,
Rukia